Kipande Kilichokatwa Kwenye Wimbo wa Mashine

Kosa langu la kwanza katika muziki lilikuwa kuiamini kanda. Nilijifunza wimbo mmoja kutoka kwenye kaseti iliyochakaa, nikaujifunza kwa uaminifu wangu wote, pamoja na ulegevu wake, mikwaruzo yake na kimya chake cha katikati, nikiamini hivyo ndivyo ulivyotungwa. Nilikuwa na miaka kumi na minne. Ilinichukua miaka kumi na moja kugundua kwamba sehemu kubwa ya nilichokariri ilikuwa betri zilizokaribia kufa.

Kaseti yenyewe baba aliinunua Nakonde, ng'ambo ya mpaka. Ilikuwa ya kunakili, haina picha ya bendi wala majina, juu yake mtu ameandika kwa kalamu ya bluu "za zamani" tu. Wimbo wa tatu ndio uliokuwa wetu. Vijana wa Zambia wa enzi za ujana wa baba, magitaa ya umeme yanayonguruma kama mzinga wa nyuki, ngoma inayotembea, na mwimbaji anayelalamika kwa Kibemba juu ya msichana aliyesema atakuja Jumamosi. Hatukujua jina la wimbo. Nyumbani kwetu Ihanda uliitwa wimbo wa mashine.

Uliitwa hivyo kwa sababu uliishi kwenye mashine ya kumenyea kahawa. Msimu ukifika, kahawa mbivu iliyochumwa mchana ilipaswa kumenywa siku hiyo hiyo kabla jua halijazama. Baba alikamata mpini na kuzungusha. Mama na shangazi zangu walipokezana kupanda kwenye kigoda na kumwaga madebe ya kahawa kwenye mdomo wa mashine. Dada yangu, aliyenizidi miaka sita, alichambua maganda yaliyopita na mbegu. Redio ilikaa juu ya pipa. Betri mpya zilikuwa anasa, kwa hiyo zikichoka tulizianika juani kwenye bati, zikapata nguvu kidogo, tukazirudisha. Wimbo ulitoka polepole na mzito, mwimbaji kama mtu aliyeamshwa usingizini kuja kueleza shida zake. Baba alizungusha mpini kwa mwendo huo huo. Mashine, kahawa, mwimbaji, vyote kwa mwendo mmoja.

Halafu kulikuwa na kimya. Wiki ya kwanza tu baada ya kununuliwa, dada yangu aliigeuza kaseti huku mikono yake ikiwa na ute wa kahawa, ule utelezi unaobaki vidoleni ukishika mbegu zilizotoka kumenywa. Ute ulikaukia kwenye utepe. Redio ikautafuna. Baba aliuvuta kwa subira, akakata kwa wembe kipande kirefu kilichokuwa kimekunjamana, akaunganisha ncha mbili kwa selotepu yenye urefu wa kidole. Tangu hapo, beti ya pili ikiisha, wimbo ulinyamaza kabisa kwa muda wa kuvuta pumzi moja, kisha ukaingia kwenye kiitikio. Nilikuwa na miaka mitano. Sikumbuki wimbo bila kimya hicho.

Na kimya kikapata kazi. Ukizungusha mashine huku debe likimwagwa kwa fujo, kahawa inasakama na mbegu zinapondeka. Lazima mpini usimame, debe limwagwe, uendelee. Bila mtu yeyote kupanga, watu wa nyumbani wakaanza kumwagia debe pale pale penye kimya. Baba anasimamisha mpini, mama anainua debe, kahawa inaporomoka, kiitikio kinaanza, mpini unazunguka. Misimu na misimu tulifanya hivyo. Niliona ni sehemu ya wimbo, kama vile amina ilivyo sehemu ya sala.

Gitaa nilijifunza mwenyewe. Hakuna aliyenifundisha, na nasema hivyo kwa aibu zaidi kuliko majivuno, maana asiye na mwalimu hana wa kumwambia "inatosha, hapo ni sawa". Nilikaza nyuzi zangu zifanane na sauti ya kaseti, kumbe kaseti ilikuwa imeshuka. Siku niliyojaribu kuingia kwenye bendi ya kanisani Tunduma, mpiga kinanda alinisikiliza kidogo akauliza, "Kaka, gitaa lako limelala au linaumwa?" Watu walicheka. Mimi sikulala siku tatu.

Hiyo ndiyo tabia yangu na siwezi kuificha. Kosa dogo linakaa kwangu kama kokoto kwenye kiatu. Nafanya kazi kwenye ofisi ya kutoa mizigo hapa Tunduma, kazi yangu ni kujaza fomu za malori yanayovuka, na kila fomu nilikuwa naikagua mara tano. Mara ya tano hata madereva walikuwa wanaijua. "Huyo bado yuko kwenye ya nne," waliambiana nje. "Agiza chai nyingine."

Kwenye muziki tabia hiyo ilinifanya mwongo. Mara mbili niliahidi kupiga mbele ya watu na mara mbili sikupiga. Ya kwanza nilisema naumwa tumbo. Ya pili ilikuwa siku ya ubarikio wa binamu yetu, dada yangu alikuwa ameutangazia ukoo mzima kwamba mdogo wake atapiga gitaa. Dakika kumi kabla ya kuitwa, nilienda nyuma ya banda la ng'ombe na koleo nililoazima kwa fundi wa baiskeli, nikakata uzi wa kwanza. Nikarudi na uso wa huzuni. "Uzi umekatika," nilisema. Watu wakanipa pole. Hilo sijawahi kulisema kwa mtu yeyote mpaka mwaka huu.

Mwaka huu dada yangu alipata mchumba, mwalimu wa Igamba, mtu mpole mwenye kicheko kikubwa. Sendoff, sherehe ya kumuaga, ikapangwa nyumbani Ihanda, mchana, katikati ya msimu wa kahawa, kwa sababu mama alisema mwanawe hataondoka wakati mashamba hayana kitu mitini. Dada akanipigia.

"Mama na kina shangazi wataingia wakicheza," alisema. "Wanataka wimbo wa mashine. Kaseti ilishakufa. Utapiga wewe."

"Nitapiga," nilisema, na hapo hapo nikaanza kuhesabu siku zilizobaki.

Nilikuwa na wiki tano. Nilikuwa naujua wimbo kiasi kwamba ningeweza kuupiga nikiwa nimefunikwa blanketi. Kama mambo yangebaki hivyo, pengine hata nisingekuwa na cha kuandika.

Wiki mbili baadaye nilikuwa barabarani, kwenye foleni ya malori inayoelekea mpakani, nikihakikisha namba ya lakiri ya kontena. Namba hiyo tayari nilikuwa nayo kwenye karatasi na kwenye picha, lakini nilitaka kuiona kwa macho. Kutoka kwenye lori la tatu nikasikia wimbo wetu.

Nilisimama kama mtu aliyemkuta babu yake anakimbia mbio. Ulikuwa wenyewe, sauti ni zile zile, lakini ulikuwa wa juu na unaruka. Yule mwimbaji mzito wa usingizi alikuwa kijana! Alikuwa kijana wa umri wangu, na hakuwa analalamika sana, alikuwa kama anatania. Nikasogea chini ya dirisha la dereva. Beti ya pili ikaisha. Nikasubiri kimya.

Hakikuja. Palipokuwa na kimya lilitoka gitaa. Peke yake, juu ya ngoma, likinguruma na kupanda, likashuka kwa ngazi, likasita kwenye sauti moja kama linakaribia kusema jambo, likapanda tena. Solo. Wimbo niliokuwa nimeuishi maisha yangu yote ulikuwa na solo, na mimi mpiga gitaa sikuwahi kuisikia.

Dereva alichungulia. Alikuwa Mzambia wa makamo, kofia ya sufu kichwani, Kiswahili chake cha barabarani kilichochanganyika na Kibemba: "iwe" ni wewe, "awe" ni hapana.

"Iwe! Lakiri iko nyuma. Kwa redio hakuna lakiri."

"Mzee, huo wimbo nani kauharibu?"

"Kauharibu?" Alizima injini kabisa ili anisikie. "Awe, awe. Hii ndiyo yenyewe. Mimi nilikuwa sina ndevu, tulikuwa tunacheza hii."

"Mbona unakimbia?"

"Haukimbii, bwana mdogo. Wewe ndiyo umechelewa. Hebu imba ya kwako."

Nikaimba, hapo chini, katikati ya malori, na kile kimya nikakiacha mahali pake kwa kuinua kidole. Dereva aliweka paji la uso kwenye usukani. Mabega yake yalikuwa yanatikisika.

"Huyu wa kwenu anaumwa," alisema alipopata pumzi. "Mpelekeni hospitali. Na solo mmeifanya nini? Mmeila?"

"Redio iliila."

"Basi redio yenu ina akili. Ilikula penye utamu."

Alinitumia wimbo kwenye simu, akakataa shukrani, akataka tu fomu zake ziishie mara ya kwanza na si ya tano. Nilizikagua mara nne.

Sasa mtu mwingine angefurahi. Mimi nilirudi chumbani nikakaa kitandani nikiona aibu kwa ajili ya miaka kumi na moja. Nilikuwa nimepiga wimbo mbovu. Nilikuwa naenda kupiga mbele ya ukoo mzima wimbo mbovu, uliotobolewa katikati. Niliamua kwamba sendoff itasikia wimbo wenyewe: mwendo wake halisi, sauti yake halisi, solo yote. Nikakaza nyuzi zote upya. Mbili zilikatika, zenyewe safari hii.

Rafiki yangu wa bodaboda ndiye angenipigia ngoma. Mchana anabeba abiria kati ya stendi na mpakani, Jumapili anapiga ngoma kanisani kwetu, na ana subira ambayo mimi sikuumbiwa. Kila jioni alikuja kwangu na ngoma moja na toazi lake. Nilikuwa na daftari. Kila tuliporudia niliandika kosa: kidole cha tatu kimechelewa, uzi wa pili umekoroma, nimeharakisha mwisho wa ngazi.

"Kaka," alisema siku moja, "tumerudia mara arobaini. Mimi sijachoka. Ngoma ndiyo imechoka."

"Bado haifanani."

"Haifanani na nini?"

"Na ya kwenye simu."

"Kama wanaitaka ya kwenye simu si tuwapelekee simu?"

Alikuwa anatania, lakini wazo likaingia. Kadiri siku zilivyokaribia ndivyo lilivyozidi kuwa zuri. Siku nne kabla ya sendoff nikampigia dada.

"Dada, nilikuwa nawaza. Ule wimbo nimeupata, ule halisi, msafi kabisa. Kwa nini tusiuweke tu kwenye spika? Kina mama wataufurahia zaidi."

"Uzi umekatika?"

"Haujakatika."

"Bado, eh?"

Nikaanza kulifuta gitaa vumbi.

"Mdogo wangu, uzi ukikatika wenyewe unajisokota kama nywele. Wako ule wa siku ya ubarikio ulikuwa umekatwa wima, kama mkate. Mimi ndiye niliyekusaidia kuutoa, umesahau? Nilinyamaza kwa sababu ulikuwa unatetemeka."

Nilihisi masikio yangu yanawaka moto mpaka simu ikawa ya moto.

"Safari hii sikubembelezi," aliendelea, na sauti yake haikuwa ya hasira, afadhali ingekuwa ya hasira. "Ukija na gitaa, nitashukuru. Usipokuja nalo, njoo kama wageni wengine. Ukae kwenye viti vya plastiki, ule pilau, upige makofi, urudi Tunduma. Ila mimi sitakuomba kitu tena. Wala sitanuna. Nitaacha tu kukutegemea."

Akakata. Nikakaa na simu mkononi. Dada huyu ndiye aliyenibeba mgongoni mpaka shuleni mto ulipojaa. Ndiye aliyenipa hela ya gitaa la kwanza bila kuniuliza nitaweza au sitaweza. Kuacha kunitegemea ilikuwa haki yake. Nikalirudisha daftari juu ya kabati, nikalishusha tena, nikafanya mazoezi.

Siku ya sendoff tuliondoka Tunduma asubuhi kwa pikipiki, gitaa mgongoni kwangu, ngoma mbele ya rafiki yangu, spika ndogo imefungwa kwa mpira nyuma. Baridi ya Mbozi ya mwezi wa saba inakuingia mpaka kwenye meno. Vidole vyangu vilikuwa vimekufa ganzi, nikaona hilo nalo ni kisingizio kizuri, nikalikumbuka koleo, nikavitia vidole kwapani.

Mama alitupokea getini. Aliliangalia begi la gitaa kabla ya kuniangalia usoni. Halafu akanikumbatia muda mrefu kuliko kawaida yake.

"Mama, inabidi tujaribu pamoja kabla ya wageni."

"Tujaribu nini? Sisi tumeshajaribu mwezi mzima. Wimbo tunaujua kuliko wewe. Kaa, kula ndizi."

"Lakini mama, wimbo umebadilika kidogo…"

Alikuwa ameshaondoka kwenda kugombana na watu wa turubai.

Saa nane mchana uwanja ulikuwa umejaa. Vichanja vya kuanikia kahawa vilisogezwa pembeni, turubai la bluu na jeupe likawekwa, meza kuu ikapambwa, na katikati ya uwanja kulikuwa na kitu kirefu kimefunikwa kitenge. Nilidhani ni zawadi, labda kabati la vyombo. Mshereheshaji, kijana wa Vwawa mwenye suti inayong'aa, akatangaza kwamba mama mzazi anaomba njia. Akanigeukia na kuninyooshea mkono. Dada yangu, kwenye meza kuu, hakuwa anaangalia watu. Alikuwa anaangalia mikono yangu.

Nikaanza. Na nilianza vizuri, hilo nitalisema. Mwendo sahihi, sauti sahihi, rafiki yangu nyuma yangu kama saa. Kina mama wakatokea kona ya nyumba, mama mbele, shangazi watano nyuma, vitenge sare vya njano, kila mmoja na debe kichwani. Walikuwa wanacheza ule mwendo wa zamani, mguu unaburuzwa, kiuno kinafikiri kwanza kabla ya kugeuka. Wimbo wangu ukawaacha papo hapo. Walijaribu kuukimbilia. Shangazi mkubwa akapoteza kilemba.

"Mwanangu!" alipiga kelele kutoka kwenye mstari. "Polepole! Tuna magoti huku!"

"Kina mama wamewekewa gia ya tano!" mshereheshaji akasema, uwanja ukacheka.

Niliwasikia, lakini sikupunguza. Huu ndio sahihi, nilijiambia, huu ndio sahihi. Beti ya pili ikaisha. Nikavuta pumzi, nikaingia kwenye solo.

Wakati huo huo mtu akavuta kile kitenge katikati ya uwanja. Chini yake kulikuwa na mashine ya kumenyea kahawa. Ile ile yetu, iliyokuwa stoo tangu tulipoanza kupeleka kahawa kwenye mtambo wa chama cha ushirika, imesuguliwa kutu na kupakwa rangi ya kijani. Baba, ndani ya suti yake nyeusi, alikuwa amesimama amekamata mpini. Na kina mama wote sita walikuwa wameizunguka, wameteremsha madebe kichwani, wameyainua usawa wa vifua, wamesimama kabisa. Hakuna aliyecheza. Walikuwa wanasubiri kimya.

Na mimi nilikuwa katikati ya solo. Sijawahi kuipiga vizuri vile, si kabla wala baada. Kidole cha tatu hakikuchelewa. Nilipanda, nikashuka ngazi, na huku napiga naona mikono ya mama inaanza kutetemeka kwa uzito wa debe. Hakukasirika. Aliniangalia kama mtu anayesubiri mtoto amalize kusimulia ndoto yake ili wakubwa waendelee. Dada yangu alikuwa ameweka mkono mdomoni. Nikaelewa kwamba walikuwa wamefanya mazoezi mwezi mzima kwa ajili ya pumzi ile moja, na kwamba mimi nilikuwa nimeijaza.

Zilikuwa zimebaki hatua nne hivi kufika mwisho. Sehemu yangu ile ya kukagua mara tano ilitaka kuzimaliza. Nikaweka kiganja juu ya nyuzi zote.

Kimya. Rafiki yangu, Mungu ambariki, alisimama na mimi bila kuuliza.

Madebe sita yakamwagwa kwa pamoja. Kahawa nyekundu iliporomoka kwenye mdomo wa mashine, ikafurika, ikamwagikia viatu vya baba, ikaviringika mpaka kwenye miguu ya wageni, na mlio wake ulikuwa kama mvua ya kwanza juu ya bati. Baba akazungusha mpini. Nikaingia na kiitikio, na safari hii niliingia nacho kwa mwendo wa betri zilizochoka. Sikuuamua mwendo huo, mkono wangu wa kulia uliukuta pale pale ulipouacha.

Vigelegele vilipasuka kiasi kwamba sikujisikia mwenyewe. Kina mama wakaimba, Kibemba wasichokielewa, kila neno mahali pake. Nyuzi zangu bado zilikuwa zimekazwa juu, kwa hiyo shangazi mkubwa alipasua sauti kuzifikia na hakujali hata kidogo. Tulirudia kiitikio mara saba au nane, mpaka kahawa ikaisha. Bwana harusi mtarajiwa alivua koti akaenda kupokezana mpini na baba. Dada yangu aliacha meza kuu, akaja mpaka mbele yangu na gauni lake refu, akacheza hapo, ananiangalia, analia, anacheka. Nilikosea mara tatu. Sikuandika popote.

Tulipokaa kula, shangazi mkubwa alinijia na sahani yake.

"Eh, fundi. Yale makelele uliyoyaweka katikati, yalikuwa nini?"

"Solo, shangazi. Ni ya wimbo wenyewe. Ilikatwa zamani."

"Basi si uipige tuisikie vizuri, siyo kutukatia watu mikono."

Nikaipiga tena, nimekaa kwenye kiti cha plastiki, bila spika. Nilikosea kwenye ngazi ya kushuka, nikarudia. Nilipomaliza nikaona baba amesimama nyuma ya kiti changu na sahani ya pilau ambayo hakuigusa.

"Hicho," alisema.

"Hicho nini, baba?"

"Hicho ndicho nilichokatia wembe." Akakaa. "Nilikuwa kijana kama wewe. Jumamosi tulikuwa tunavuka kwa miguu mpaka Nakonde, kulikuwa na dansi la mchana. Wapigaji wakifika hapo watu walikuwa wanaacha kucheza, wanasogea kwenye jukwaa wanasikiliza tu. Kaseti niliinunua kwa ajili ya hicho kipande."

Dada yangu alikuwa amesogea, gauni amelikusanya mkononi. "Baba! Kumbe mimi ndiye niliyekunyima hicho kipande miaka yote hiyo!"

"Ulikuwa na mikono michafu," baba alisema. "Lakini mashine ilikuwa haisakami tena."

"Na mbona hukuwahi kuniambia?" nilimuuliza. "Umenisikia napiga na hicho kimya miaka kumi na moja."

Akachukua tonge la kwanza la pilau. "Mlikuwa mnaufurahia. Ningewaambia nini?" Kisha akalisukuma gitaa kwangu kwa goti. "Rudia. Pale mwisho umepakosea."

Nilirudia mara nne. Alikuwa amefumba macho, na mkono wake wa kulia ulikuwa unazunguka taratibu juu ya paja, unazungusha mpini usiokuwepo.

Rafiki yangu alikuwa amerekodi sendoff yote kwa simu. Wiki iliyofuata nilimtumia yule dereva kile kipande cha kina mama. Alijibu kwa sauti akiwa mahali fulani Zambia, injini inasikika nyuma. "Iwe, ninyi Watanzania. Solo mmeila tena. Na kwa nini kuna mvua katikati ya wimbo?" Halafu ujumbe wa pili, dakika chache baadaye: "Hiyo mvua ni nzuri. Naweka tena."

Tangu siku hiyo yapo mambo machache yaliyobadilika. Fomu naikagua mara mbili. Wimbo wa mashine naupiga kwa mwendo wa nyumbani, na kimya chake, na solo naiweka mwishoni, kwa ajili ya baba. Koleo nililirudisha kwa fundi wa baiskeli, ambaye alikuwa ameshasahau kwamba niliazima. Bado naogopa kila mara kabla ya kupiga, tumbo linauma kweli. Lakini nikiahidi kupiga, naenda, napiga.